Viatu vya Delphia na Mtihani wa Uwakili

Mara ya kwanza Delphia Quesenberry alipofanya mtihani wa uwakili wa jimbo la Virginia, kule Marekani, alianguka kwa alama kumi na moja. Mara ya pili akaanguka kwa alama sita. Bi. Imogene Shockley, wakili aliyekuwa akimfundisha, alipiga hesabu kwa vidole akasema kwa mwendo huo mara ya tatu ataanguka kwa alama moja, na hapo yeye Imogene atakufa kwa hasira.

Delphia hakuwahi kukanyaga chuo cha sheria. Virginia bado humruhusu mtu asome sheria ofisini kwa wakili kwa miaka mitatu, kitabu baada ya kitabu, kisha aende akapambane kwenye mtihani ule ule na vijana wa vyuo vikubwa. Basi asubuhi alikuwa shambani akipogoa miti ya Krismasi, na mchana alikuwa kwenye kiti cha ngozi kilichochanika, mbele ya Bi. Imogene, akisoma. Alikuwa na miaka arobaini na minne, na kiti kile alikuwa akikitaka kuliko kitu chochote. Si kiti tu, ofisi nzima. Bi. Imogene alikuwa na miaka sabini na minane na magoti mabovu, na alishatangaza kwamba Krismasi anafunga ofisi. Kama Delphia angefaulu, ofisi ingekuwa yake. Kama asingefaulu, bonde zima lingebaki bila wakili, na mtu mwenye ugomvi wa mpaka angelazimika kuvuka mlima kutafuta wa kumsemea.

"Kanuni unazijua kuliko mimi," Bi. Imogene alimwambia mwezi wa tano, mdomo umejaa mkate wa mahindi. "Tatizo lako ni moja. Kila jibu lako linaishia wapi?"

"Linaishia... inategemea."

"Inategemea! Mtu kaacha maziwa jikoni yanachemka, kaja mbio kuniuliza kama nyumba ni yake, nimwambie inategemea? Suala, kanuni, ukweli wa kesi, hitimisho. Wewe unapika vizuri mpaka mwisho halafu unaogopa kupakua."

Ndiyo hivyo. Delphia alikuwa mwoga wa neno la mwisho. Hata mumewe alipomposa alijibiwa inategemea, akasubiri miaka miwili, na bahati yake alikuwa mtu wa subira.

Kuanzia siku ile bonde zima likageuka darasa. Saluni kwa Twila Huff, Delphia akiwa na rangi kichwani na nailoni juu yake, alianza kufundisha sheria ya uzembe.

"Tuseme nimejikwaa kwenye huo waya wako nikavunja mkono," alisema. "Kosa lako ni asilimia tisini na tisa. Langu moja, nilikuwa natazama simu. Nalipwa kiasi gani?"

"Tisini na tisa," Twila akajibu, akijiona keshakuwa jaji.

"Silipwi hata senti. Hapa Virginia ukichangia uzembe hata chembe, umekwisha."

"Weee! Hiyo ni sheria au ni roho mbaya?"

"Ni sheria."

"Basi huu waya nauacha hapo hapo, na nyie wote anzeni kutazama simu!"

Wateja walicheka mpaka mmoja akatoka na nywele zilizokatwa upande mmoja tu, akarudi kesho yake kumaliziwa.

Shambani ilikuwa kichekesho kingine. Kila mstari wa miti Delphia alikuwa ameupa somo lake. Akishika kisu kirefu cha kupogolea anashusha, shaa! "Wosia ulioandikwa wote kwa mkono wa marehemu na kutiwa saini yake, ni halali hata kama hakuna aliyemwona akiandika!" Shaa! "Lakini wapatikane watu wawili wasio na maslahi, wauthibitishe mwandiko!" Shaa! Mwaka ule miti ya mstari wa mikataba ilitoka myembamba mno, kwa sababu mikataba ilikuwa ikimuudhi.

Sasa kuna kanuni moja ya mtihani ule ambayo wageni wakiisikia hudhani wanataniwa. Mtahiniwa huvaa kama anayekwenda mahakamani, suti kamili, na wanaume tai. Lakini miguuni huvaa raba zenye soli laini, nyayo zisije zikawasumbua wenzake wanaofikiri. Kwa hiyo ukumbi hujaa watu wa heshima kutoka utosini hadi kifundo cha mguu, na kutoka hapo kwenda chini ni wakimbiaji. Bi. Imogene alimlazimisha Delphia afanye mazoezi hivyo hivyo, suti ya bluu na raba nyeupe, mwezi mzima, ili siku yenyewe ikifika mwili usishtuke.

Ni hizo raba nyeupe zilizoleta balaa. Dada yake Delphia, Oleta, ndiye kiongozi wa kikundi cha dansi cha pale mjini, ile dansi yetu ya kukanyaga sakafu ambayo fidla ikilia miguu ndiyo ngoma. Oleta alikuwa ameinunulia timu yote viatu vya aina moja, raba nyeupe, kutoka duka lile lile zilikotoka za mtihani, na Delphia alicheza katika timu hiyo tangu ujana. Tofauti ilikuwa chini tu. Shemeji yao mmoja alikuwa amevifungia viatu vya dansi vibati vya chuma, kisiginoni na kwenye vidole, kwa skrubu. Na Oleta, kwa mapenzi yake ya dada, ndiye aliyefunga mkoba wa safari. Alivisugua viatu mpaka vikang'aa kama meno ya mtangazaji, akavitia ndani bila kuvigeuza; vile vya mtihani vikabaki nyuma ya gari.

Asubuhi ya mtihani, hotelini katika mji wa Roanoke, Delphia alivaa akiwa ameketi kitandani na macho juu ya dari, anakariri amana na rehani. Alipoingiza miguu alijisikia vizuri ajabu. Alijiambia, "Hii ni ishara. Mwaka huu miguu yangu iko nyumbani." Na kweli ilikuwa nyumbani! Ilikuwa imevaa viatu ilivyochezea kila harusi ya bonde. Hoteli nzima ilikuwa na zulia nene, ngazi zulia, ujia wa kwenda ukumbini zulia. Oleta, aliyemleta, alimbusu mlangoni akaondoka na gari kwenda kutafuta chai. Simu ilibaki chumbani, maana ukumbini hairuhusiwi.

Zulia likaisha. Delphia akaweka mguu wa kwanza juu ya sakafu ya ukumbi.

Kacha!

Watahiniwa mia kadhaa wakageuka. Akafikiri ni mtu mwingine. Akaweka mguu wa pili. Kacha! Kicheko kikapita kwenye safu za meza, kicheko cha watu ambao hawajalala vizuri wiki tatu na walikuwa wanakitafuta kisingizio.

Msimamizi wa mlango, mzee mrefu mwenye tai ya picha za bata na jina Tolliver kifuani, akainua mkono kama anayesimamisha magari.

"Mama, simama hapo ulipo. Usisogee hata kidogo. Hivyo ni viatu au ni treni?"

Delphia akainua mguu, akatazama chini, akaviona vibati vinamtazama. Damu ikamwishia. Aliona ofisi ikifungwa, na kile kiti cha ngozi kikibebwa kwenda jalalani. Alitaka kulia na kucheka kwa wakati mmoja, na pua ndiyo iliyoamua, ikatoa sauti ya ajabu.

"Ni vya dansi, Mheshimiwa. Dada yangu..."

"Mimi si mheshimiwa, nilikuwa mwalimu wa kemia. Soli ziwe laini, zisizo na kelele, imeandikwa. Milango inafungwa baada ya dakika ishirini. Una vingine?"

"Viko kwenye gari, na gari limekwenda kunywa chai."

"Basi unaingia au huingii?"

"Aa... inategemea."

"Mama," mzee Tolliver akasema kwa upole, akiangalia saa, "sina muda wa inategemea."

Hapo kitu kikamfunguka Delphia. Labda ni zile skrubu alizokuwa akizikodolea macho. Akasimama wima kwa mguu mmoja, kiatu kingine mkononi, na sauti iliyomtoka ilikuwa ya shambani, ile ya kushinda mashine za kukatia majani.

"Suala: je, kiatu hiki kinaruhusiwa? Kanuni: soli laini isiyo na kelele, na shabaha ya kanuni ni utulivu wa ukumbi. Ukweli wa kesi: juu ni raba, soli yenyewe ni raba, kelele ni ya kibati, na kibati kimeshikwa na skrubu mbili. Vibati viko vinne, skrubu nane. Kibati kikitoka, kinachobaki ni kile kile ambacho kanuni inataka." Akavuta pumzi. Watu walikuwa wameacha kupanga kalamu zao. "Hitimisho: nipeni bisibisi, na ninaingia."

"Ninayo!" ikaitika sauti chini ya meza ya nyuma. Alikuwa fundi wa umeme, amelala chali kati ya nyaya za kompyuta. Akatoka kwa tumbo, bisibisi mdomoni.

Mzee Tolliver alivuta kiti akampa akae. Skrubu ya kwanza ikatoka, ya pili, ya tatu. Kijana mmoja wa suti ya kijivu alianza kuhesabu kwa sauti, na kufika ya tano safu tatu zilikuwa zinahesabu naye. Ya saba ikagoma. Fundi akatukana kidogo, akaomba radhi, akaegemea kwa kifua chote, ikalegea. "Naneee!" ukumbi ukaitikia, na msimamizi wa upande wa pili akagonga meza kutaka adabu, lakini mabega yake yalikuwa yanacheka.

"Tembea hatua kumi," mzee Tolliver akaamuru.

Delphia akatembea. Watu mia kadhaa wenye suti walizuia pumzi kusikiliza miguu ya mwanamke mmoja. Hapakuwa na sauti.

"Kanuni imetimia," mzee akasema. Vibati na skrubu akavitia mfukoni mwake, kwa kuwa ukumbini haviruhusiwi, akaahidi kuvirudisha jioni. "Meza mia mbili na kumi na saba. Kimya kimya."

Na sasa Delphia alifanya mtihani kama mtu mwenye wazimu mtamu. Swali la kwanza lilikuwa la mkulima aliyeandika wosia wake nyuma ya mfuko wa chakula cha kuku, na Delphia karibu apige kelele ya furaha, maana kanuni hiyo alishaikatia miti mingi. Aliandika suala, kanuni, ukweli, na alipofika pale alipokuwa akisimama siku zote, vidole vikataka kuandika neno lile. Akatazama raba zake chini ya meza, zina matundu manane. Akaandika: Wosia ni halali, shamba ni la binti. Nukta. Akaenda swali la pili, na la tatu, akipakua tu. Kesho yake palikuwa na maswali mia mbili ya kuchagua, na alichagua kama anayechuma nyanya.

Matokeo yalitoka mwezi wa kumi, asubuhi ya baridi. Delphia aliyasoma peke yake shambani, kwenye simu, katikati ya mstari wa mikataba. Aliyasoma mara nne. Kisha akakimbia na buti zake za tope mpaka ofisini, maili moja na nusu, akajitupa mlangoni akihema. Twila alikuwepo, Oleta alikuwepo, maana siku ile hakuna aliyejifanya ana kazi nyingine. Bi. Imogene alikuwa nyuma ya meza yake, bakuli la maharage mbele, hajalishika.

"Enhe?"

Delphia akainua simu juu.

"Usiniletee suala, usiniletee kanuni," bibi akafoka. "Hitimisho!"

"Nimefaulu."

Sijui nani alianza kupiga kelele. Oleta alilia akiomba msamaha wa viatu kwa mara ya mia. Twila alimbusu hata mbwa wa Bi. Imogene. Bi. Imogene peke yake hakuinuka. Alifungua droo ya chini, ile aliyokuwa akiifunga kwa ufunguo tangu masika, akatoa kibao kidogo cha shaba, akakisukuma mezani. Kilikuwa kimechongwa: Delphia R. Quesenberry, Wakili.

Delphia alikigeuza. Nyuma palikuwa na karatasi ya fundi mchongaji, na tarehe yake ilikuwa ya mwezi wa tano, wiki ile ile aliyoambiwa anaogopa kupakua.

"Ulikichongesha kabla ya mtihani?" akauliza. "Bi. Imogene, na kama ningeanguka?"

"Ningekuwa nimechangia uzembe, nisingelipwa kitu," bibi akasema, akipangusa macho kwa kitambaa cha mezani. "Acha maneno. Kifunge mlangoni kabla maharage hayajapoa. Ila skrubu sina."

Delphia alitia mkono mfukoni. Alikuwa akizibeba tangu Roanoke, zote nane, kwenye kibahasha alichopewa na mzee Tolliver. Kibao kilihitaji nne tu.