Mlango wa Virginia

Virginia alipozaliwa, babake, Mbaka, aliingia zizini akachakura samadi mpaka akapata kokwa za mti wa mukau zilizotemwa na mbuzi. Alizipanda zote, ikaota moja. Mbaka akaizungushia miiba na kutangaza kwamba mti huo ungekuwa mlango wa nyumba ya bintiye atakapoolewa, maana mukau mchwa hawaugusi.

Igoki, mkewe, hakuruhusiwa hata kuponda majani yake kuwapaka wanambuzi walioshikwa na viroboto. Alienda kwa mikau ya jirani. Mti wenyewe aliuita mkwe wao, na Virginia akiwa msichana mkubwa alikuwa akiuamkia kwa heshima, wote wakicheka.

Mwaka wa themanini na nne mvua ilikataa kabisa. Virginia, miaka kumi na sita, akashikwa na maumivu ya tumbo na homa kali. Mbaka alisema ni malaria, ingetoka kwa jasho.

Siku ya pili Kaberia, mnunuzi wa magogo kutoka Meru, alisimamisha lori lake kando ya boma. Mti ule alikuwa ameutamani tangu mwaka uliotangulia. Aliposikia kilio cha msichana ndani, akasema waukate, gogo lipakiwe nyuma na mgonjwa akae mbele, jioni hiyo wawe hospitali ya Embu. Bila gogo, yeye alikuwa akirudi kwao Meru.

Igoki alikuwa amekwisha kumvika mtoto viatu. Mbaka aliegemea shina.

"Mlango wa mtoto haukatwi kwa sababu ya malaria," akasema.

Lori likaenda zake. Gari lingine lilipita kesho yake alasiri, na Virginia alikuwa amekwisha kunyamaza.

Wanaume walipokuja kuchimba kaburi, Mbaka alitoka na shoka. Alisema bintiye hangezikwa kwa mbao za dukani ambazo mchwa wangezimaliza kabla mvua haijarudi. Wachimbaji wakatikisa vichwa kumkubalia. Igoki akainuka mkekani, akaenda akauegemea mti palepale alipouegemea mumewe.

"Baba Virginia, juzi ulikataa."

"Hii ni heshima ya mtoto, mama."

"Juzi alikuwa anapumua."

Mmoja wa wachimbaji alimwondolea Mbaka shoka mkononi polepole, akaliweka chini. Jeneza lililetwa kutoka Ishiara, la mbao laini, na wakamzika nalo.

Baadaye Mbaka alitaka mara mbili kuuza mti ule, na mara zote mbili Igoki alimkatalia. Hakumgombeza, wala hakumnyima chakula. Kila asubuhi alimtolea uji nje, na kigoda chake alikiweka kikitazama mukau.