Msaragambo wa Mapipa

Asubuhi ya Jumatatu Ernesta alikuwa akimenya ndizi jikoni kwake Vudee, marehemu mumewe Zephania alipoingia na kuomba maji ya kunywa.

"Kule chini hakulaliki, Mama Beatha," alisema. "Joto."

"Uhai wako wote ulilalamikia baridi," Ernesta akamjibu, lakini akaweka kisu chini.

Alijua joto linatoka wapi. Mwaka juzi pembe ya msaragambo ililia, na mtu wa Vudee akiitwa kwenye kazi ya wote haulizi mara mbili, anachukua jembe. Waliambiwa wanachimba ndiva, bwawa la kumwagilia mashamba. Wakachimba kwa nyimbo. Malori yakaja na mapipa ya taka za nyuklia kutoka mbali, yakafukiwa humohumo juu ya chemchemi, zege likamwagwa. Ernesta hakusamehe. Kujichimbia sumu kwa jembe lako mwenyewe, jamani!

"Pipa moja limepasuka," Zephania alisema. "Piga pembe kabla sumu haijafika kwenye maji."

Akapiga. Walio hai walikuja na majembe, marehemu nao wakaja na yao, na wale waliozoea kuchelewa walichelewa vilevile. Marehemu waliwasogeza pembeni wote wenye pumzi.

"Sisi litatufanya nini tena?" Zephania alisema.

Wakavunja zege, wakajitwisha mapipa, wakateremka nayo mpaka Same, kwenye ua wa ofisi iliyoyaleta. Ernesta alitangulia mbele na pembe yake.

Mtaalamu wa ofisi akatoka, akawaamkia shikamooni. Waliitikia marahaba. Kisha uso ukamchangamka. Taka hizi, alieleza, zitadhuru watu kwa maelfu ya miaka, na hakuna serikali inayodumu muda wote huo ili izilinde.

"Kumbe walinzi mpo!" alisema.

Akawagawia marehemu viatu vya mpira, akaagiza mapipa yapakiwe kwenye lori yarudishwe Vudee.

"Na wewe mama, siku yako ikifika, nafasi yako ipo."

Ernesta alimtazama mpaka mtaalamu akainamisha macho.

"Siku yangu ikifika, mwanangu, silindi shimo la mtu. Nahamia kwako. Na pipa nakuja nalo, tunalala nalo chumba kimoja, wewe, mkeo na mimi."

"Karibu sana, mama," mtaalamu alisema, akamhimiza dereva awahi mlima kabla ya mvua.

Lori likaondoka na mapipa. Marehemu waliviacha viatu getini, wakalifuata peku kwenda kuilinda chemchemi yao, majembe mabegani.