Maji ya Mboje

Waliniita mchawi kwa sababu ya maji. Nimechoka kulisimulia jambo hili kwa upole, kwa hiyo nitalisema lilivyo: mume wangu Mboje alichukua ndoo akaimwagia pamba yangu maji, halafu mimi ndiye niliyetengwa na kijiji. Si yeye. Mimi, Nyanjige, niliyeolewa Nkoma nikiwa msichana mdogo, nikazaa pale, nikazika pale.

Pamba ile niliichagua kwa mikono yangu. Enzi za chama cha ushirika ndivyo tulivyofundishwa. Ukishavuna unakaa chini, nyeupe unaiweka peke yake, hiyo ndiyo safi, na yenye madoa na majani unaitupa upande wa pili, hiyo ni fifi. Karani wa chama alikuwa na roho mbaya jamani! Akiona jani moja kwenye safi anamwaga gunia lako lote mbele za watu, uanze upya. Tulimtukana sana kimoyomoyo. Lakini pamba yetu ilikuwa pamba, na mbegu zake zilirudi kutoka kiwandani tukazipanda zikaota.

Halafu wakatangaza soko huria. Redio ikasema mkulima sasa yuko huru, chama hakimpangii mtu, anayetaka kununua aje anunue. Wakaja kweli. Malori yalitimua vumbi toka asubuhi, wanunuzi wanagombania watu barabarani, kila mmoja na mizani yake. Karani wetu akafunga ghala akaenda kulima mpunga. Hakuna aliyeuliza tena habari za safi na fifi. Tupa hapo, chukua chako, nenda zako.

Aliyenunua kwetu alikuwa Danford, kijana wa Bariadi mjini, ana kofia na maneno matamu, na mizani yake ilikuwa ya wizi mtupu. Gunia nimelibeba mpaka shingo inataka kuingia mabegani, likipandishwa pale linakuwa jepesi kama la manyoya. Watu waliliona hilo. Wakasema, yeye ana mizani, sisi tuna kisima. Wakaanza kuloweka pamba na kuitia mchanga ili iwe nzito. Kanyaboya, ndivyo walivyouita mchezo huo, na waliufanya huku wanacheka. Hata Felisita, jirani yangu niliyebatizwa naye siku moja, alimwaga maji Jumamosi na Jumapili akaenda kupokea komunyo.

Mimi nilikataa. Sisemi kwamba ni malaika, Danford ningemwibia hata viatu miguuni kama ningepata nafasi. Lakini mbegu ya mwaka unaofuata iko humohumo ndani ya pamba. Ukiilowesha ukairundika, inavunda. Nani asiyejua hilo? Wote walijua.

Basi siku ya kupeleka nikatoka kwenda kuteka maji. Narudi, namkuta Mboje amefungua magunia yangu, ndoo iko mkononi, anamwaga.

"Baba Minza, unafanya nini?"

"Usianze, mama Minza."

"Nakuuliza, pamba yangu unaifanya nini?"

"Danford anatuibia kila mwaka. Unataka tukae tu tunaibiwa? Kila mtu anamwaga."

"Basi nenda kavunje mizani yake! Kamkabe koo! Pamba imekukosea nini?"

Akacheka. Mwanaume yule akicheka namna ile, unatamani umvishe hiyo ndoo kichwani. Nilimnyang'anya magunia, nikayakokota mpaka kwenye jabali nyuma ya nyumba, nikaitandaza pamba yote juani. Waliopita njiani walinikejeli kwa jina la baba yangu: "Mwadila, ng'wana Mihayo! Leo unaanika michembe?" Kama vile ni viazi vya kukausha. Nilikuwa na hasira mpaka sikuweza kuitikia salamu. Kilichopona ni pamba kidogo tu niliyokuwa nimeiweka ndani ya nyumba kwa ajili ya mito ya binti yetu Minza aliyekuwa anaolewa.

Kabla haijakauka, Mboje akaizoa akaipakia kwenye mkokoteni wa ng'ombe. Nikamfuata nyuma mpaka kwa Danford, natukana njia nzima, sioni haya kusema. Pale kwenye baraza ya ghala la chama kulikuwa na lundo kubwa la pamba ya kijiji kizima, linasubiri lori lililoharibika. Mvuke ulikuwa unatoka juu yake. Niliingiza mkono kwenye lundo mpaka begani. Ndani kulikuwa na joto la ugali ulioepuliwa sasa hivi.

"Danford!" nikapiga kelele. "Hii pamba inaungua yenyewe! Mbegu zinakufa humu ndani!"

"Mayu, mama yangu, mimi nanunua uzito," akasema, hata hakugeuka. "Habari za mbegu kawaulize serikali."

Watu wakacheka. Felisita alikuwepo, naye akacheka. Nikasimama mbele yao na mkono wangu umelowa, nikawaambia tena kwamba mbegu zinakufa na kwamba tutakuja kulia. Laiti ningefunga mdomo wangu siku ile!

Mvua za kupandia zikaja vizuri. Mbegu zikaletwa kutoka kiwandani, zilezile zilizotoka kwenye lile lundo letu, na vijana wa kazi za pamoja wakazunguka shamba kwa shamba na ngoma zao, wanalima wanaimba. Tukapanda kijiji kizima. Tukasubiri. Hakuna kitu. Mche mmoja hapa, mwingine kule, wa njano, umejikunja. Mashamba yalikaa wazi kama kiwanja cha mpira.

Hapo ndipo mtu mwenye akili angekumbuka ndoo yake. Nani! Walianza kuulizana nani ametufanyia hivi. Na Felisita ndiye aliyelitamka kwanza, kisimani, mbele ya wanawake wote: "Si tulimwona Nyanjige akiingiza mkono kwenye pamba ya watu? Si alisema mbegu zinakufa? Haya, zimekufa."

Labda wewe huelewi neno hilo, mchawi, kwetu lina maana gani. Kwetu wanawake wamekatwa mapanga kwa sababu macho yao yamekuwa mekundu, macho ya moshi wa kupikia. Niliogopa. Mimi mwenye mdomo huu niliogopa mpaka nikaacha kula. Nikamwambia Mboje, "Wewe unajua ni maji. Kwenye mkutano utasema?"

"Nitasema," akasema. "Wewe ni mke wangu. Nitasema."

Mkutano ukaitishwa uwanjani, chini ya Luhaga, mkuu wa sungusungu, walinzi wetu wa kijiji. Nami sikwenda mikono mitupu. Ile pamba ya mito nilikuwa nimeinyambua kwa vidole, nikatoa mbegu zake, nyingine nikazifunga kwenye kitambaa kibichi mpaka zikachipua. Nikaziweka kwenye sahani moja. Kwenye sahani ya pili nikaweka mbegu za kiwandani nilizozifunga vilevile, nyeusi, zinanuka.

"Tazameni," nikawaambia. "Hizi zilizochipua zimetoka shambani kwangu, kwenye pamba kavu. Hizi zilizooza zimetoka kwenye lundo. Si mkono wangu ulioziozesha, ni maji. Tulimwaga wenyewe."

Watu wakanyoosha shingo kuzitazama sahani. Nilifikiri nimeshinda, mpumbavu mimi. Felisita akasimama, akaninyooshea kidole.

"Mnaona wenyewe. Zake zimeota. Zetu zimekufa. Mnataka ushahidi gani tena?"

Weee! Uwanja ulilipuka. Nilibaki na sahani mkononi. Nikamgeukia mume wangu. "Baba Minza, waambie."

Mboje alikuwa amekaa kwenye kigoda, anaangalia vidole vyake vya miguu.

"Mboje! Ulimwaga maji au hukumwaga?"

Akazidi kuinama. Nikamtazama Luhaga. Huyo Luhaga mkokoteni wake ulidondosha maji toka nyumbani kwake mpaka ghalani, barabara nzima imelowa, watoto wanakanyaga matope wakati wa kiangazi! Naye akainamisha uso. Wote pale waliijua ndoo ya Mboje, na kila mmoja aliijua yake. Lakini kunisafisha mimi kulitaka kila mtu aseme alichofanya, na hilo hakuna aliyelitaka.

Wakanitenga. Ukitengwa kwetu hupewi moto, huchoti maji kwenye kisima cha wenzako, hakuna anayekusalimia, na atakayekusalimia anatozwa ng'ombe. Luhaga akasema nishukuru kwamba hawakunifanyia zaidi. Nishukuru! Nilifunga mbegu zangu zilizobaki kwenye pindo la kanga, nikatoka. Nilipita mlangoni kwa Felisita, kwa watu niliowapokelea watoto wao wakizaliwa, na hakuna aliyefungua kinywa. Mboje alisimama zizini, amenipa mgongo, anajifanya anatazama ng'ombe. Nikaenda kwa miguu hadi Shishiyu, kwa kaka yangu Nyanda.

Nyanda hakuniuliza maneno mengi. Alinipa kipande cha ardhi karibu na zizi lake, nikapanda mbegu zangu. Zikaota zote. Nilivuna, nikachagua safi na fifi ingawa hakuna mnunuzi aliyetaka kujua, nikanyambua nyingine kwa vidole, nikaweka mbegu. Msimu uliofuata nikarudia hivyohivyo. Mpaka nikawa na mbegu za kugawa.

Kisha siku moja, mvua zimekaribia, namwona Mboje anakuja, amekonda, gunia tupu begani.

"Mwadila, mama Minza."

Nikamwitikia. Mimi sikumtenga mtu.

"Kijiji kimenituma," akasema. "Luhaga na Felisita. Mbegu za kiwandani haziaminiki tena. Watu wanasema za kwako zina dawa nzuri."

Dawa nzuri! Nilikuwa nimeshika jembe na Mungu ndiye aliyenishika mkono.

"Mbegu ninazo," nikamwambia. "Nitakujazia gunia hilo mpaka lishindwe kufungwa, bure. Lakini rudi Nkoma kwanza. Itisha mkutano, simama palepale ulipokuwa unaangalia vidole vyako, useme: nilimwaga maji. Basi. Ukishasema, njoo uchukue."

Akalishusha gunia begani. "Nikisema mimi, na wengine itabidi waseme."

"Ndiyo."

"Hawatakubali, mama Minza."

"Sijakuuliza wao. Nimekuuliza wewe."

Jua lilikuwa kali na ametembea mbali, kwa hiyo nikampa maji kwenye kata. Akanywa yote, akaomba mengine, nikampa. Kisha akalikunja gunia lake tupu, akaliweka kwapani, akaaga, akaondoka kwa njia aliyokuja nayo. Mwaka ule Nkoma walipanda tena mbegu za kiwandani. Na pamba kidogo iliyopatikana, nasikia, Danford alipofika na mizani yake, aliikuta imeshaloweshwa.