Jina la Kunong'oneza Chunguni

Kosa langu lilikuwa moja tu: nilimtungia dada yangu mchumba. Hayo mengine yanayosemwa hapa sokoni, kwamba niliwadanganya wauza samaki wote, nikamtoa Bibi machozi na kumfanya mama mdogo Cleonice anunue viatu vipya, ni matawi ya kosa hilohilo, na hakimu mwenye busara hahesabu matawi.

Nilikuwa nimerudi likizo ya Juni kutoka shule ya bweni ya masista. Nilipelekwa huko ili nitulie, na mpaka sasa nimejifunza kushona vifungo, kusali nikiwa nimesinzia, na kuiga miandiko ya watu tisa. Nyumbani Belém, Brazili, nilikuta kila mtu roho juu. Mkesha wa Mtakatifu Yohana ulikuwa umebakiza siku nne. Siku hiyo mji mzima hujimwagia maji ya majani na mizizi yanukiayo, na nusu ya mji, kwa hesabu za Bibi, huyanunua kwenye kibanda chetu. Mwaka huu Bibi Osmarina alikuwa ametangaza kwamba anakabidhi chungu.

"Magoti yamegoma," aliwaambia watu. "Na pua nayo, tangu ile homa ya mbu, imebaki ya pambo."

Warithi walikuwa wawili. Wa kwanza ni dada Jandira, miaka ishirini. Ukimfumba macho na kumpa mzizi wa priprioca, atakuambia ulichimbwa kabla ya mvua au baada yake, na aliyeuchimba alikula nini asubuhi. Wa pili ni mama mdogo Cleonice, ambaye pua yake ni ya kawaida lakini moyo wake umetembea sana.

Shida ilikuwa desturi. Katika ukoo wetu, anayechanganya maji ya Mtakatifu Yohana kwa mara ya kwanza huinamia chungu kabla jani la kwanza halijaingia, akanong'oneza jina la mtu aliyemwasha moyo. Bibi alinong'oneza la babu Belarmino. Mama yake Bibi alinong'oneza la baharia ambaye hakuwa mumewe, na hilo lilijulikana kwa sababu alikuwa na sauti nene. Bila jina, maji ni mchuzi tu. Jina la uongo likiingia, maji yanachacha kabla ya saa sita mchana, na fedheha inakaa miaka saba.

Na Jandira hakuwa na jina.

Si kwa kukosa waliojitolea. Alikuja mwalimu wa hesabu, akaja mpiga ngoma, akaja muuza barafu mwenye meno mazuri kabisa. Jandira aliwapa maji ya kunywa, akawauliza habari za mama zao, akarudi kutwanga mizizi. Bibi aliizamisha sanamu ya Mtakatifu Antonio kichwa chini ndani ya bilauri mwezi mzima, kumshurutisha alete mchumba. Alimwogesha Jandira maji ya Nijongelee, kisha ya Lia Miguuni Pangu, na mwisho ya Nikamate Usiniachie, dozi mbili. Waliomfuata walikuwa paka.

Siku niliyofika tulikaa nyuma ya kibanda, yeye akimenya mizizi, mimi nikila uji wa mahindi meupe.

"Neide, nimepata neno langu," akasema. "Aromantiki."

"Manukato mapya?"

"Siyo manukato, wewe! Linafanana na aroma kwa sauti tu, kama shemeji na shemasi. Ni mtu ambaye mahaba hayamjii. Haoni mtu moyo ukamlipuka, hatamani kuwa mchumba wa mtu. Kuna watu wengi hivyo, wanaandikiana, wanajiita aro kwa kifupi."

"Tangu lini uko hivyo?"

"Wewe tangu lini huna mkia?"

Nikafikiri. Hoja ilikuwa nzito.

"Hata yule anayecheza ngoma ya ng'ombe kila Juni? Yule mwenye manyoya mabegani?"

"Anacheza vizuri. Basi."

"Labda bado wakati wako."

"Kila mtu ana hiyo labda bado yake, hata wewe mtoto wa juzi." Alitupa ganda ndooni. "Nisikilize. Siyo ugonjwa, siyo kiapo cha utawa, wala hakuna aliyenivunja moyo. Upendo ninao. Nampenda Bibi, nampenda mama, hata wewe nakupenda, Mungu anisamehe. Ila mahaba, yale ya kukosa usingizi, hayajawahi kupiga hodi, na mimi sijakaa mlangoni kuyangoja."

"Basi mwambie Bibi."

"Atasema nimerogwa, aniogeshe tena." Kisu kikasimama. Niliona macho yake yamejaa. "Nakitaka kile chungu, Neide. Wenzangu wanavyoota harusi, mimi naota kile chungu. Mama mdogo akikichukua, atatia pachuli, yale majani ya harufu nzito, kila mahali, na mimi nitabaki kufunga chupa vifuniko maisha yangu yote."

Msomaji, mimi nina moyo laini ndani ya kiwiliwili cha mhalifu. Sikulala mpaka nimepata dawa, na dawa yenyewe niliipa jina Evandro Sarmento, miaka ishirini na minne, fundi wa injini za boti katika kisiwa cha Marajó. Nilimchagulia Marajó kwa sababu ni mbali kiasi cha kutoweza kuja na karibu kiasi cha kuaminika. Niliazima mwandiko wa mtunza bustani wa shuleni, nikaandika:

"Jandira, tangu uliponipa ile chupa bila kunitazama, injini zote nazitengeneza vibaya."

Nilijivunia sana sentensi hiyo. Barua niliiacha mahali ambapo Bibi angeiona kwa bahati mbaya, yaani juu ya mto wake.

Saa moja asubuhi Bibi alikuwa analia kwa furaha. Saa mbili wauza samaki walijua. Saa tatu Evandro alikuwa na boti yake mwenyewe, na kufika saa nne boti zilikuwa mbili na mama yake alikuwa mcha Mungu. Mama mdogo Cleonice, kuona ushindani umepamba moto, akaenda kununua viatu vyekundu vya kukabidhiwa chungu.

"Kumbe! Kumbe!" Bibi alimkumbatia Jandira mbele ya wateja. "Unaninyamazia mimi, mwana mwizi wewe! Fundi wa injini! Mikono yake ikoje?"

Jandira alichukua barua, akaisogeza puani mara moja tu, akanitazama.

Alinivuta sikio hadi nyuma ya magunia.

"Huyu Evandro," alisema taratibu, "ananuka sabuni ya masista. Na ana jamu ya mapera kwenye kidole gumba."

"Nilikuwa nakusaidia!"

"Umenisaidia? Sasa nikisema kweli nitamvunja Bibi moyo mbele ya soko zima. Nikinyamaza nimekula uongo."

"Linong'oneze tu, dada, ni mkesha mmoja! Evandro, Evandro, imekwisha. Nani atajua?"

"Mimi nitajua. Kila chupa itakayotoka hapo nitasikia harufu yako."

Alikaa siku mbili bila kunisemesha. Niliomba hata anipige; akakataa, akasema ana kazi.

Asubuhi ya tarehe ishirini na tatu ndimi niliyetandaza majani. Sijawahi kuona soko limechangamka vile. Moto ulikuwa umeshawashwa chini ya chungu, marundo ya mrihani na majani ya kila namna yamefika kiunoni, gome la mti unaonukia waridi limekunwa mpaka hewa yenyewe imekuwa tamu. Foleni ilianzia kwetu ikapita wauza kamba, wauza ndizi, ikapotelea kwa wauza pilipili. Watu walikuja na chupa, na madumu, na mmoja na beseni. Wengine hawakujia maji kabisa, walijia jina.

Bibi alikaa kitini kama askofu. "Cleonice, wewe mkubwa. Anza."

Mama mdogo akainama na viatu vyake vyekundu, akaanza kunong'ona. Tukangoja. Akaendelea. Tukangoja zaidi. Akanyanyua uso akavuta pumzi, akainama tena.

"Wangapi hao?" akauliza muuza kamba.

"Nawapanga kwa tarehe!" mama mdogo akafoka. "Nyamazeni, mmenitoa kwa Ubirajara!"

Soko likalipuka kwa kicheko. Hata yeye mwenyewe akacheka, maana mama mdogo ana roho nzuri, haina kufuli tu.

"Jandira," Bibi akaita. Mzee mmoja akazima redio.

Jandira akasogea. Akainama. Nikauona mgongo wake umebaki hivyo muda mrefu, mvuke ukimpanda usoni, nami moyoni nikawa naomba, Evandro, sema Evandro, sema tu. Akanyanyuka, mdomo mtupu.

"Bibi, sina jina."

"Una haya. Sema polepole."

"Sina. Evandro hayupo."

"Amekufa?!" Bibi akashika kifua.

Hapo ndipo nilipojitokeza. Ningeweza kukimbia, nafasi ilikuwepo kati ya beseni na ndizi. "Hakufa, Bibi, hakuzaliwa. Nilimwandika mimi. Boti ya pili lakini siyo yangu, hiyo waulizeni wauza samaki."

Sitarudia maneno ya Bibi; masista wanaweza kusoma. Alipomaliza, Jandira akapiga magoti mbele yake, akamshika mikono yote miwili.

"Bibi, mimi sijawahi kumpenda mtu kwa mahaba, na sidhani kama nitampenda. Wako watu walioumbwa hivyo. Neno lake ni aromantiki."

"Linanukia nini hilo?" akauliza mwanamke wa mbele kwenye foleni.

"Halinukii, shangazi, ni jina la watu kama mimi."

"Utachanganyaje mapenzi usiyoyajua?" Bibi alisema, na sauti yake haikuwa na hasira tena. Ilikuwa na hofu. "Watu hawa wanakuja na mioyo yao, mwanangu. Utawapa nini?"

"Bibi, wewe umewahi kuvuta tumbaku?"

"Mimi? Haki ya Mungu, sijawahi tangu nizaliwe!"

"Na dawa ya kifua ya wavuta tumbaku, mji mzima nani anaiweza kukushinda?"

Bibi akanyanyua kidevu kama anayepokea sifa anayoistahili.

"Unawauliza wanaumwa wapi," Jandira akasema. "Unawasikiliza, halafu unachanganya. Hivyo ndivyo ulivyonifundisha." Akageuka kwenye foleni. "Shangazi, wewe jina lako nani, na unataka nini?"

"Idalina. Nataka mume wangu arudi." Mwanamke akasita. "Hapana. Kusema kweli nataka asirudi, ila nisimwote."

Jandira akasogea, akavuta hewa karibu na shingo yake, kisha akaenda kwenye marundo. Mrihani, majani mawili ya kitu ambacho mimi sijui, mbegu ya kumaru kiasi cha ukucha, gome kidogo. Pachuli hakuigusa. Akavisugua mkononi, akampa anuse.

Idalina akanusa, akafumba macho. "Ehee," akasema. "Kama nyumba iliyofagiwa."

"Lete hapa," Bibi akaamrisha. Akausogeza mkono wa Jandira puani, akanusa na kunusa, uso umekunjamana, na sote tukajua kwamba hasikii chochote. Akatutazama mmoja mmoja. Kisha akamtazama binti yake. "Cleonice. Ninusie. Na useme kweli, leo ni mkesha wa mtakatifu."

Mama mdogo akaja, akanusa mara moja. Nilimwona anatazama miguu yake. Viatu vile vilikuwa vizuri sana.

"Mama," akasema, "maji yangu mimi yote yananukia wanaume wangu. Haya yananukia huyu mama."

Bibi akakitazama chungu mpaka maji yakaanza kuchemka.

"Lakini chungu kinataka jina," akasema hatimaye. "Desturi ni desturi. Siwezi kukikabidhi bila jina."

"Majina yapo, yamepanga foleni," Jandira akajibu. Akainama juu ya mvuke, safari hii bila kunong'ona. "Idalina!" Akaelekeza mwiko kwa aliyefuata. "Wewe, baba?"

"Mimi Teodomiro! Nataka kazi bandarini!"

"Teodomiro!" Jandira akaliingiza chunguni kwa sauti. "Wewe?"

"Graciete! Mimi nataka yule muuza barafu!"

Foleni nzima ikaanza kupiga kelele za majina, kutoka kwetu hadi kwa wauza pilipili, na Jandira akiyapokea, uso umelowa kwa mvuke na kitu kingine, akicheka kama sijawahi kumsikia. Bibi alisikiliza lipi limeingia na lipi limerukwa. Kisha akavua aproni yake ya maua, aproni ambayo hajawahi kumwazima mtu hata kwa kufutia mikono, akamfunga mjukuu wake kiunoni, mafundo mawili.

"Usitie chumvi," akamwambia.

"Bibi, hatutii chumvi kwenye haya maji."

"Ndiyo maana nakwambia usitie. Na wewe," akanigeukia mimi, "gunia lile la priprioca, lote, kwa mkono. Fundi wa injini."

Nikashika mtwangio. Jandira alikuwa ameshatupa jani la kwanza.