Posa ya Yadi Kumi

Mchana wa Jumamosi, baada ya kumaliza sahani mbili za makande, Eliamini Mrutu alijinyoosha kwenye kochi la shangazi yake pale Same, miguu ikaning'inia nje kama ya mtu aliyelazwa kwenye kitanda cha mtoto, akaota.

Ili ndoto yenyewe ieleweke, ni vizuri kujua kazi aliyokuwa akifanya. Kwa zaidi ya miaka kumi Eliamini alikuwa mlinzi katika timu za mpira wa Kimarekani, ule wa mpira uliochongoka kama yai, ambao wachezaji wake huvaa helmeti na kugongana kama mabeberu. Alikwenda Marekani kusoma kwa ufadhili alioupata kwa kurusha tufe. Kocha mmoja akamwona akipandisha jokofu ngazini peke yake, na mambo yakaanzia hapo. Siku aliyomweleza Shangazi Eliwaza kazi hiyo kwa simu, alisema kuna mtu ana mpira anataka kupita, na yeye yupo ili asipite. Shangazi, aliyemlea yeye na mdogo wake tangu wazazi wao wafariki, alifikiri kidogo, akasema hiyo ni kazi ya askari wa geti, akauliza kama wanampa na tochi.

Mwezi wa pili mwaka huu timu ilimpigia simu, ikamshukuru, ikamwomba apite kuchukua viatu vyake. Hakumwambia mtu nyumbani. Alipanda ndege akaja, akasema yuko likizo.

Kilichomleta hasa ilikuwa posa. Mdogo wake, Nakunda, alikuwa anaposwa na Festo Mgaya, mwalimu wa muziki kutoka Njombe, mwembamba, mwenye miwani, mpigaji wa lile tarumbeta kubwa la kanisani ambalo ukilivaa ni kama limekumeza. Wajumbe wa Festo walishakuja mwaka jana, Eliamini akatuma neno kwamba wasubiri mpaka arudi. Leo walikuwa wanakuja tena, saa kumi, na jibu lilikuwa lake akiwa kaka mkubwa. Asubuhi alimwambia Nakunda kwamba yule bwana hatadumu hata siku moja. Nakunda akamuuliza, hatadumu wapi. Usingizi ulimchukua akiwa bado anatafuta jibu.

Ndotoni yuko kwenye ukumbi ambamo timu huchagua vijana wa kuwasajili. Amevaa suti. Bwana mmoja jukwaani anasoma majina, lakini jina la Eliamini halisomwi. Linasomwa bega lake la kulia. Limechukuliwa na timu ya kaskazini. Watu wanapiga makofi. Bega linainuka, linakwenda kushikana mikono na wakubwa, na Eliamini analifuata kwa kuwa wameungana. Shingo inachukuliwa na timu ya magharibi. Goti la kushoto linagombewa na timu mbili.

Anangoja kichwa kitajwe. Hakitajwi. Dada anayepanga viti anamwambia asihuzunike, kichwa huwa wanamwachia mwenyewe.

Mlango wa ukumbi ukafunguka ndani ya uwanja, na uwanjani theluji ilikuwa inaanguka. Kocha, mtu mnene aliyevaa koti la mvua, alimweleza sheria kwa Kipare safi. Wenye mpira wana nafasi nne za kusogea yadi kumi. Wakisogea, wanapewa nafasi nyingine nne. Wasiposogea, yamekwisha. Kazi ya Eliamini ni kuzuia. Eliamini akauliza azuie mpaka lini. Kocha akasema swali hilo hajawahi kuulizwa.

Basi akazuia. Shida ilikuwa kwamba kila aliyemzuia alizuilika moja kwa moja. Mkimbiaji wa kwanza alibaki palepale alipokabwa, akaota ndevu. Wa pili aliletewa kiti. Mrushaji wa timu pinzani, aliyekuwa ameinua mkono ili arushe, alibaki na mkono juu msimu hadi msimu, na wenzake wakawa wanaanika soksi juu yake. Baada ya miaka michache walikuwa wengi kiasi cha kuwa kijiji. Walipika chai, walichagua mwenyekiti, na Eliamini alipopita walimsalimia vizuri bila kinyongo.

Mmoja tu, aliyekuwa amezuiwa karibu na mstari wa mwisho, alimuuliza kama sasa anaweza kuendelea, kwa sababu alikuwa na harusi yake mwezi wa sita.

"Haiwezekani," Eliamini alisema. "Kazi ni kazi."

Yule bwana alisema anaelewa.

Kisha akaitwa ofisini na kuambiwa amebadilishwa. Anapelekwa timu nyingine, na timu anayoiacha itapewa mtu wa baadaye. Aliomba kumwona huyo mtu. Akaletwa mama mjamzito, akaketi taratibu, na kutoka tumboni sauti ikamwamkia Eliamini shikamoo, ikauliza kama chumba cha kubadilishia nguo kina joto. Eliamini aliitikia marahaba na kusema kina joto la kutosha. Hakuona jambo la kubishania. Alichukua begi lake akatoka.

Alipofika timu mpya alikuta waandishi wa habari wamejaa, vipaza sauti vimepangwa mezani. Akasogea ili azungumze. Wakamwomba asimame kando kidogo, maana aliyeita mkutano ni goti.

Goti la kushoto lilivaa tai. Lilimshukuru Mungu, likawashukuru makocha, likawashukuru madaktari waliolifungua na kulifunga. Likasema linastaafu. Mwandishi mmoja akauliza kama limemshauri mwenye mguu.

"Mwenye mguu nampenda," goti lilisema. "Ila yeye akiulizwa, atasema bado. Amesema bado tangu nikiwa na gegedu."

Waliuliza litafanya nini sasa. Goti likasema muda wote limetumika kusukumia watu, na sasa lingependa kupigwa mbele ya mtu walau mara moja kwa sababu ya heshima. Waandishi walicheka kwa upole. Eliamini alitaka kuuliza swali, lakini hakuwa na kitambulisho cha uandishi.

Alipogeuka, ukuta wa chumba ulikuwa umeondoka na milima ya Upare imesimama mahali pake. Theluji ilikuwa imekuwa unga wa sembe, na unga huo ulikuwa umechora mistari ya yadi toka kwenye uzio wa mkonge mpaka barazani kwa Shangazi. Eliamini alikuwa katikati ya ua, na jezi na helmeti. Shangazi Eliwaza alikuwa mwamuzi. Alivaa fulana ya mistari juu ya kanga, na filimbi shingoni, na alikuwa anawahimiza wageni waingie uwanjani kabla chai haijapoa.

Wageni ni wajumbe wa Njombe. Wanaingia mbio ndogo, suti na vitenge, wanajipanga. Nyuma yao yuko Festo, amekumbatia mpira kwa mikono yote miwili, vile anavyokumbatia tarumbeta. Barazani ameketi Nakunda, anaangalia kama mtu anayeangalia mvua.

Filimbi ikalia. Nafasi ya kwanza alitoka mshenga, mzee mwenye mwavuli, akaja moja kwa moja huku akianza kusema, "Tumeona ua." Eliamini alimkaba kwa adabu alipokuwa ametamka "u". Mshenga akaganda hapo, mdomo umechongoka, mwavuli mkononi.

Nafasi ya pili walikuja wapiga matarumbeta wa kanisani, ukuta mzima wa shaba. Eliamini aliupitia katikati. Kila aliyeanguka alitoa sauti yake, na kwa pamoja zilikuwa ubeti wa mwisho wa wimbo wa Pasaka. Shangazi alikiri kwamba ulipigwa vizuri.

Nafasi ya tatu alikuja Festo mwenyewe. Eliamini alimbeba, akamlaza chini, miwani ikaruka. Ajabu ni kwamba Festo hakuganda. Alipapasa akaipata miwani, akaifuta kwa shati, akasimama.

"Samahani, shemeji," alisema.

"Mimi si shemeji yako."

"Samahani, kaka yake Nakunda. Nitajaribu tena, maana imebaki moja."

Eliamini alikuwa anatafakari jibu la hapo aliposikia kitambaa cha njano kikipita juu ya kichwa chake. Kitambaa hicho mwamuzi hukirusha mtu akifanya kosa. Akamwendea Shangazi kulalamika kwamba hajafanya lolote. Shangazi akamwambia aongee na kitambaa chenyewe, yeye kazi yake ni kurusha tu. Kitambaa kilikuwa kimeangukia mbali, barazani, miguuni pa Nakunda.

"Kosa ni kung'ang'ania," kitambaa kilisema, kwa sauti ya karani aliyechoka. "Mlinzi anaruhusiwa kuzuia. Haruhusiwi kung'ang'ania."

"Sijamshika mtu."

"Mimi huanguka penye kosa," kitambaa kilisema.

Eliamini akatazama. Mkono wake wa kushoto ulikuwa umerefuka toka pale alipo, umevuka mistari yote ya unga, umepanda ngazi za baraza, na vidole vyake vimeshika upindo wa gauni la Nakunda. Vilikuwa vimeshika sawasawa, kama vya mtoto sokoni.

Nakunda hakuwa amekasirika. Alimwambia kwamba mkono huo uko pale tangu wazazi wao wafariki, na kwamba hapo mwanzo ulimsaidia sana, hakuanguka hata mara moja. "Ila siku hizi nikitaka kuinuka, kaka, siwezi. Nilidhani unajua."

Eliamini alivua helmeti. Alitaka kusema kwamba Festo ni mwembamba mno. Kilichotoka ni kingine.

"Wameniachisha kazi, Nakunda. Tangu mwezi wa pili. Nikiachia na hapa, nitakuwa namlinda nani?"

Hata wale waliozuiliwa zamani, ambao sasa walikuwa wameenea mpaka kwa jirani na birika zao za chai, waliacha kunywa.

"Tulijua siku ile ulipofika," Nakunda alisema. "Nani anakuja likizo na viatu vyote? Tulikuwa tunangoja useme mwenyewe."

Shangazi akapuliza filimbi, akasema nafasi ya nne, na watu wasimalizie mchana hapo.

Festo anakuja. Hakimbii vizuri, miguu inakwenda pembeni, miwani imekaa upande. Eliamini anainama kama alivyoinama maelfu ya mara, bega limekaa tayari. Goti la kushoto linashuka polepole, linagusa unga. Haliumi. Eliamini anajua kabisa kwamba bado anaweza kusimama, na kwamba kijana huyu angesimamishwa na mkono mmoja tu. Anafungua vidole vya kushoto. Mkono unarudi kwake mfupi, kama tepu ya fundi nguo.

Festo akapita. Upepo wake ulinuka sabuni ya kufulia. Alipofika barazani hakujua afanye nini na mpira, akampa Nakunda, na Nakunda, ambaye sasa alikuwa amesimama, akauweka juu ya stuli ya chai.

Hapo kijiji kizima kikaachiliwa. Mrushaji alishusha mkono, soksi zikamwagika. Yule mwenye harusi ya mwezi wa sita alitimua mbio bila kuaga. Mshenga alimalizia, "a," akafunga mwavuli, akasema ahsanteni sana.

Shangazi Eliwaza alikuja pale Eliamini alipokuwa bado amepiga goti. Chini ya macho Eliamini alikuwa na ile rangi nyeusi ambayo wachezaji hujipaka ili mwanga usiwasumbue. Shangazi alimwambia hawezi kupokea wakwe na uso kama wa mchoma mkaa. Alitia mate kwenye pindo la kanga, akamshika kidevu, akaanza kumsugua kwa nguvu zilezile za kila Jumapili asubuhi alipokuwa mdogo, hata machozi yakamtoka, na kwa maumivu hayo akaamka.

Shangazi alikuwa amesimama kando ya kochi, anamwambia anawe, wageni wako nje.

Wajumbe waliingia wakaketi, Festo mwisho kabisa, karibu na mlango, magoti yamebana. Mshenga akakohoa, akasema kwamba wamepita wakaona ua. Alikuwa amejiandaa kwa maneno mengi, maana mwaka jana hayakutosha, lakini Eliamini alimwomba radhi kwa kumkatiza, akasema ua wamelikuta, na kama Nakunda mwenyewe anakubali, yeye hana la kuongeza. Nakunda alikuwa mlangoni na sinia la vikombe. Alisema anakubali, na akasema kwa haraka, kabla mtu hajauliza mara ya pili. Festo alisimama, akaketi, akasimama tena. Kisha Eliamini akawaambia wote, wakwe na shangazi, kwamba kazi ya Marekani imekwisha na sasa yuko nyumbani. Mshenga akasema hiyo ni habari njema, kwani harusi inahitaji watu wa kubeba viti.

Walikula, wakaimba, Festo akashawishiwa kupiga wimbo kwa mdomo tu bila tarumbeta, na wote walicheka mpaka Shangazi akajifunika uso.

Jua lilipoinama Eliamini alibeba vyombo mpaka nyuma ya nyumba. Alimkuta Shangazi Eliwaza kwenye bomba, amelowesha pindo la kanga yake, anasugua doa jeusi kwa kipande cha sabuni. Alisugua, akaliangalia, akasugua tena.

"Hebu niambie, baba," alisema bila kugeuka. "Hii rangi mnayojipaka huko machoni, inatolewa na nini?"

Eliamini aliweka vyombo chini. Alimwambia aanze na mafuta ya kupikia kidogo, kisha ndiyo sabuni.

Shangazi akasema ahsante, akaenda jikoni kutafuta mafuta.