Vijiti Kwenye Shamba la Karanga

Kabla Orina hajawa nabii alikuwa rafiki yangu, na nilichomfundisha ndicho alichokuja kunipigia nacho. Nianze hapo, usije ukadhani hii ni ile hadithi ya kiboko.

Ile ya kiboko watu wote wa huku kwetu Ndhiwa wanaijua: feri ya Mbita ilichelewa, kiboko akanivusha hadi ng'ambo, na nilipomtolea nauli akakataa, akasema yeye si makanga. Kuna na ile ya samaki mbuta aliyemeza redio. Tulipompasua tukasikia taarifa ya habari ya saa saba. Hizo ni zangu na sizikani. Hii ya leo sikuitunga, na ndiyo pekee ambayo hakuna aliyeiamini.

Waliposimamisha minara ya chuma na kuvuta nyaya kubwa za umeme katika bonde letu, laini ilipita juu ya kipande chetu cha karanga. Kipande hicho kina hati moja yenye majina mawili, langu na la mke wangu Risper. Wenye laini walituambia chini ya nyaya tusipande miti wala tusijenge. Karanga, ruhusa.

Mimi nilistaafu kwenye mizani ya kiwanda cha miwa. Shule sikufika mbali, lakini mwanangu Tony alipokwenda Nairobi aliacha vitabu vyake vya fizikia, nami nikavisoma mpaka majalada yakatoka. Ndani ya kimoja nikakutana na uga wa umeme. Kitabu kilisema, kwa lugha yangu mimi, kwamba kitu chenye chaji hakikai kimya. Kinatawala hewa inayokizunguka, na ukileta chaji nyingine ndani ya eneo hilo itasukumwa. Kila mahali katika uga pana mambo mawili ya kutafuta: msukumo una ukali gani, na unaelekea upande gani. Ukitaja moja ukaacha la pili, hujasema kitu. Ni kama mtu umemuuliza njia ya Oyugis, akakujibu "ni mbali" halafu akanyamaza.

Basi nikataka kuujua uga wa shamba langu.

Nilikwenda Migori mjini kwa Ahmednur, mwenye duka la vifaa vya umeme, nikamwomba tyubu, ile taa ndefu nyeupe ya dukani, iliyokwisha kufa.

"Hii imeungua ncha, mzee," akasema. "Haiwezi kuwaka kwenye nyumba yoyote."

"Sitaki kuiwasha nyumbani. Nataka kuiwasha shambani."

"Haya! Kiboko naye amevuta stima?" Akacheka, akanipa bure.

Jioni hiyo, jua lilipokwisha kuzama, nilishuka shambani na watu wawili tu niliowaamini duniani. Mmoja alikuwa Risper. Wa pili ni Orina, fundi baiskeli, jirani yetu, mtu wa sauti nzuri, ambaye Jumapili alikuwa mchungaji wa kikundi kidogo kilichosali chini ya turubai. Risper alikuwa mwimbaji wake.

Nilisimama chini ya nyaya, nikaishika tyubu wima mkononi kama fimbo. Ikawaka. Haina waya, haina swichi, imekufa ncha, lakini inawaka mwanga mweupe wa kibuluu, hafifu, kama maziwa yaliyotiwa maji.

"Baba Tony, itupe!" Risper akapiga kelele.

"Tulia, Mama Tony. Tazama." Nikailaza kama mtu anavyobeba jembe. Ikazima. Nikaisimamisha. Ikawaka. "Uga unapita kutoka kwenye nyaya kuja ardhini. Tyubu ikifuata njia yake, gesi ya ndani inasukumwa, inawaka. Ukiikatisha njia, hakuna kitu."

Tukafanya kazi. Orina alibeba vijiti vya mti wa siala nilivyochonga. Kila tulipofika niliinamisha tyubu huku na huku mpaka nikapata pale inapong'aa kuliko pote. Huo ndio mwelekeo, nasi tukachomeka kijiti kikiwa kimeinama vivyo hivyo. Penye mwanga mkali kijiti kirefu, penye mwanga dhaifu kifupi. Chini kabisa ya nyaya vijiti vilisimama wima. Pembeni vilianza kuinama kuelekea kwenye laini, na kadiri tulivyokwenda mbali ndivyo vilivyofupika, hadi tyubu ikafa kabisa tulipofika kwenye ua wa mkonge. Tulipomaliza, shamba la karanga lilikuwa limeota nywele, na ungeweza kuuona uga kwa macho.

"Na uga wenyewe unatazama wapi, Jaduong'?" Orina akauliza, akiniita mzee kwa Kijaluo. "Juu au chini?"

"Mara juu, mara chini. Umeme huu huenda na kurudi mara hamsini kila sekunde. Mstari wake nimeupata, lakini mshale haukai mahali pamoja."

"Kama mheshimiwa wetu," akasema Orina. Tulicheka mpaka mbwa wakabweka.

Risper akaichukua tyubu mwenyewe. Akailaza, ikazima. Akaisimamisha, ikawaka.

"Kumbe ni waya tu," akasema.

Yashike maneno hayo. Mimi niliyashika.

Muda mfupi baadaye nilikwenda Isebania kumzika mzee mwenzangu wa kiwandani, Werema. Wakuria wa kule walinikalisha siku kadhaa, kwa sababu hadithi ya mbuta ilikuwa haijafika kule. Niliporudi ilikuwa jioni, na kutoka barabarani nikasikia nyimbo shambani kwangu.

Vijiti vyote vilikuwa vimeng'olewa. Kilibaki kimoja, kile kirefu kuliko vyote, na juu yake walikuwa wamefunga kingine kwa kamba. Kimekuwa msalaba. Karanga zangu zilikuwa zimelala chini ya miguu ya watu, na mbele ya msalaba alisimama Orina, kanzu nyeupe, tyubu yangu mkononi. Tyubu hiyo niliiacha darini kwangu. Darini kwangu hapandi mtu asiye na ufunguo wa nyumba.

"Ardhi hii imechaguliwa!" alikuwa akisema. "Si mimi niliyeichagua!" Akainua tyubu wima, ikawaka, watu wakalia kwa furaha. Kisha akaniona. Mkono wake ukashuka taratibu, tyubu ikalala, giza likaingia. "Lakini kuna shaka imefika katikati yetu," akasema.

Watu wote wakageuka kunitazama.

Nilipita katikati yao, nikamnyang'anya. "Ni nyaya hizo hapo juu!" nikasema. "Tazameni. Nikiilaza, hakuna. Nikiisimamisha, inawaka. Shaka haihusiki, Roho hahusiki. Ni uga wa umeme, na huyu nilimfundisha mimi!"

Tyubu ilikuwa inawaka mkononi mwangu, safi kabisa. Halafu Nyasuguta, mama mmoja anayeuza dagaa wa omena sokoni, akainua mikono.

"Imewaka hata kwake! Kwa Zadock wa kiboko! Jamani, Zadock ameokoka!"

Vigelegele. Nilikumbatiwa na watu ambao hawajawahi kunisalimia. Nilipopaza sauti kueleza habari ya mwelekeo, wakasema nanena kwa lugha. Orina naye akanikumbatia, mdomo kwenye sikio langu.

"Nisamehe, omera, ndugu yangu. Turubai limechanika, na watu wanaondoka mmoja mmoja. Wewe karanga utapata kwingine."

Na Risper? Risper alikuwa mstari wa mbele. Walikuwa wamemwekea kiti cha plastiki chenye kitambaa. Alikuwa anaimba, na hakunitazama.

Nyumbani nilimngoja mpaka akatia unga kwenye sufuria. Mtu anayesonga ugali hawezi kukimbia.

"Mama Tony, tyubu alipewa na nani?"

"Na mimi."

"Wewe uliishika. Ulisema ni waya."

Akasonga. "Baba Tony, nikienda sokoni wananiuliza kiboko hajambo. Nikienda kisimani, mbuta amesema habari gani leo. Wamekuwa wakinicheka tangu Tony akiwa mgongoni. Sasa wameniita mama wa madhabahu. Wananiachia kiti."

"Kwa uongo."

"Wako ulinipa kiti?"

Akaniambia kanisa wanakiomba kipande kile wajenge. Lakini nilijua jambo moja: kipande kile hakiwezi kutoka bila sahihi mbili, na yangu nilikuwa nayo bado.

Siku ya bodi ya ardhi tulikaa mbele ya chifu na wazee. Nyinyi mnajua bodi ilivyo. Kwa kawaida mume ndiye anayetaka kuitoa ardhi, na mwenyekiti humgeukia mke amuulize kama anakubali au amelazimishwa. Safari hii ilibidi mwenyekiti ageuke upande wa pili.

"Mzee Zadock, mkeo anataka kulipatia kanisa kipande kilicho kando ya laini. Unakubali?"

Ningesema hapana, yangekwisha. Neno moja tu. Lakini kulikuwa na kitu nilichokitaka kuliko karanga. Nilitaka kusikia kwamba mtu mmoja hapa duniani anajua sikusema uongo.

"Nitakubali kwa sharti," nikasema. "Mke wangu aliishika taa ile kwa mkono wake, nikiwa naye. Muulizeni mbele yangu inawashwa na nini. Akijibu, nitatia sahihi, jibu lolote lile. Natoa neno langu."

Nilikuwa na hakika. Mtu niliyekula naye sahani moja maisha yote! Nilijua atainama, atasema "ni waya", sote tutaona haya kidogo, na mimi nitaitoa ardhi kwa moyo mweupe, nikiwa mtu mkweli.

Risper alisimama. Akarekebisha kitambaa chake cha kichwa. Akanitazama machoni, sawasawa, bila kupepesa.

"Ni Roho Mtakatifu," akasema.

Miaka yote hiyo nilidhani mwongo wa nyumba ile ni mimi.

Nilitia sahihi. Chifu akanisifu. Orina akatokwa na machozi, na nadhani yalikuwa ya kweli, jambo lililoniuma zaidi.

Walipoanza kujenga, walisimama pembeni kidogo mwa nyaya, mahali ambapo kijiti changu kilikuwa kirefu bado. Nilikwenda kuwasaidia kwa ushauri. Nikawaambia wasiezeke mabati juu tu. Wapige na kuta za mabati, na milango pia, udongo unakula fedha za ukarabati. Nikawaambia tena wafunge waya mnene kutoka kwenye mabati hadi kwenye chuma kilichozikwa ardhini, kwa sababu huku kwetu radi haina adabu, na mabati yaliyo karibu na laini huweza kumtekenya mtu akiyagusa. Hayo yote ni kweli tupu, muulize fundi yeyote. Orina akanishika mkono. "Jaduong', una moyo mkubwa," akasema.

Jioni ya ibada ya kwanza nilibaki nyumbani nikibangua karanga zilizonusurika. Niliwasikia wakiimba. Kisha wimbo ukakatika. Ukaanza tena, ukakatika. Baada ya muda Risper akapanda kilima peke yake, tyubu kwapani.

"Baba Tony, haiwaki."

"Nje?"

"Nje inawaka. Tukiingia ndani inakufa. Tumeisimamisha, tumeiinamisha, tumeomba. Haiwaki."

"Orina anasemaje?"

"Anasema kuna dhambi imeingia na ardhi. Anasema aliyeitoa aliitoa kwa moyo wa nusu." Sauti yake ikapungua. "Nyasuguta amekikalia kile kiti."

Nikaendelea kubangua.

"Wewe unajua ni nini," akasema.

"Ni mabati. Uga hauwezi kupenya nyumba ya chuma iliyofungwa. Unaishia kwenye ukuta, unashuka na waya kwenda ardhini. Ndani ukali wake ni kama hakuna, na kisicho na ukali hakina upande wa kuelekea. Inamisha tyubu utakavyo."

"Ulijua tangu lini?"

"Tangu bodi."

"Na ukanyamaza."

"Kama wewe."

Nilifikiri atanirushia tyubu, na ningemwelewa. "Twende uwaambie," akasema mwishowe. "Nitasema na mimi. Nitasema niliishika, ni waya."

"Ulishawaambia ni nini, Mama Tony. Mbele ya chifu. Na mimi wananijua."

Kule chini wimbo ulianza tena, sauti ya Orina juu ya zote, nzuri kama zamani. Risper aliisimamisha tyubu ukutani, wima kabisa, karibu na mlango. Kwetu ni mbali na laini. Haikuwaka. Akavuta kigoda, akaketi upande wa pili wa ungo, akachukua karanga, akaanza kubangua bila kuniangalia.

Kwa mara ya kwanza maishani sikuwa na hadithi ya kusimulia.