Mshika Upawa

Maharage yalipoiva, Sindano alipunguza moto, akajifuta mikono kwenye gauni, akautungua upawa kwenye msumari nyuma ya mlango. Kabla hajafunua sufuria, mezani walikuwa wameshaanza.

"Leo mimi goti," alisema baba mkwe wake. "La kushoto. Juzi ulinitengenezea la kulia."

"Baba, ulisema la kulia."

"Nilisema linaloniuma."

Sindano alichota, akasema, "Goti la kushoto lipone," akammiminia. Mzee alimeza, akaukunja mguu chini ya meza, akaukunjua, kisha akasema chumvi haikutosha.

Upawa ule ulikuwa wa mti mweusi, mpini wake umelika mahali pa kidole gumba. Ulikuwepo kabla ya nyumba. Mpakuaji akitamka neno na mlaji akameza, neno linakuwa. Kwa upawa huo nyumba ya jirani ilisogezwa kidogo, kwa sababu mzee alitaka kivuli asubuhi. Kwa upawa huo babu yao alirudi kutoka kaburini mchana mmoja kuwaonyesha alikoficha ufunguo wa kabati. Alikula, akalalamika kwamba wajukuu wamenenepa, akarudi alikotoka. Jirani naye alizoea kuruka kidogo mlangoni pake, kwa kuwa nyumba yake iliposogezwa, ngazi ilibaki pale ilipokuwa.

Desturi ilikuwa kwamba upawa unashikwa na mkwe aliyeingia mwisho. Sindano, waliyemwita hivyo kwa sababu aliolewa akiwa na kopo la sindano kwapani, alikabidhiwa hata kabla hajaonyeshwa choo kilipo.

"Shemeji, mimi unajua," alisema Profesa, mdogo wa mume wake, aliyepewa jina hilo kwa kurudia mtihani mara nyingi. "Kazi ya ofisini. Sema yote, tafadhali."

Alikuwa na haki ya kusisitiza. Mwezi uliopita Sindano alikuwa amechoka, akasema tu, "Haya, kazi." Kesho yake Profesa akaamkia kwenye jengo linalojengwa, zege begani. Upawa ulisikia maneno ya mpakuaji. Alichotaka mlaji moyoni haukukijali.

Walipomaliza, kila mmoja alisukuma sahani na kusema walivyosema siku zote katika nyumba ile badala ya ahsante: "Upate nguvu za kutupikia." Kisha wakaondoka na magoti yao na kazi zao, na sahani zikabaki.

Kifundo cha mkono wa kulia wa Sindano kilikuwa kimevimba kama unga uliochachuka. Angeweza kujiponya kwa kijiko kimoja, lakini upawa haukumpakulia anayeushika. Alipojaribu, mchuzi uligeuka maji ya kuoshea vyombo, yakiwa na povu lake. Ilibidi mtu mwingine wa nyumba ile amchotee. Haikuwa kazi ngumu. Mtoto angeiweza.

Naye alikuwa na haraka. Fundi wa mtaa wa pili, mama mmoja mnene aliyewahi kumfundisha kushona, alikuwa amemwekea cherehani karibu na dirisha. "Nakushikia hiki mpaka mwisho wa mwezi, mwanangu," alimwambia. "Lakini njoo na mkono. Siwezi kumpa mteja gauni lenye mshono wa kilevi."

Sindano alimwomba mume wake. Mume wake alimpenda, hilo halikuwa na ubishi.

"Nishike upawa mbele ya baba?" aliuliza. "Atanionaje?"

"Baba anaangalia goti lake tu."

"Kesho, basi."

Kesho ilikuja akasema kesho. Wifi yake alisema ndiyo, akaushika upawa, akakumbuka kwamba kucha zake hazijakauka. Profesa alisema angependa sana kusaidia, ila sasa alikuwa mtu wa ofisi.

Siku ya mwisho ya mwezi, Sindano aliweka sufuria mezani, akaulaza upawa mbele ya mama mkwe wake, akaketi.

"Sipakui."

Walimtazama. Mchuzi ukaanza kufanya utando.

"Nani kakuudhi?" aliuliza mama mkwe.

"Hakuna. Mama, nichotee mara moja tu. Sema mkono upone, nirudi kushona."

"Huu nimeushika mimi mpaka nikaota sugu. Nani alinichotea?"

"Hakuna, mama."

"Hakuna," mama mkwe alikubali.

"Ungechotewa, ungetaka nini?"

Mama mkwe aliutazama upawa kama mtu anayetazama kiatu chake cha zamani mguuni mwa mwingine. "Kulala mchana," alisema. "Kisha ukaja wewe, nikalala."

"Mama, mchotee, tule," alisema Profesa. "Nina kikao."

Mama mkwe akaushika. Kidole gumba chake kilijaa sawasawa pale mpini ulipolika. Alichota maharage mengi, akammiminia vizuri, bila kumwaga hata tone, akasema, "Haya mwanangu, mkono wako upone, upate nguvu za kutupikia."

Sindano aliyasikia maneno ya mwisho. Lakini hakuwa ameonja kitu tangu asubuhi, na kijiko kilikuwa kimeshafika kooni.

Uvimbe ulishuka hapohapo.

Kesho yake alikwenda kwa fundi. Aliketi penye dirisha, akaweka kitambaa chini ya sindano, na mkono wa kulia ukalala juu ya meza kama wa kuazima. Aliusukuma kwa mkono wa kushoto. Haukwenda.

"Umepona?" aliuliza fundi.

"Mkono umepona kwa kupika tu. Mama mkwe alimalizia na 'upate nguvu za kutupikia'."

"Aa," fundi alisema. Mtaa mzima uliujua upawa. "Angeishia kwenye 'upone'."

"Alikuwa ameshazoea."

"Mwambie arudie."

"Nimemwambia. Anasema ameshanichotea, nisiwe na tamaa."

Fundi alisikitika kweli, akamwita msichana aliyekuwa akisubiri mlangoni. Msichana akaketi. Kiti hakikupata hata nafasi ya kupoa.

Jioni Sindano aliinua sufuria kubwa kwa mkono mmoja, ikiwa imejaa, akaiweka mezani bila kishindo.

"Unaona?" mama mkwe aliwaambia wengine. "Na alikuwa analalamika."

Mume wake alitabasamu, akafurahi kwamba mambo yameisha bila yeye kushika chochote. Sindano aliutungua upawa.

"Leo mimi bega," alisema mzee.

"Lipi, baba?"

"Linaloniuma."

Alingoja mpaka mzee akaonyesha kwa kidole. Akamchotea, akawachotea wote, kila mmoja na neno lake. Walipomaliza wakasukuma sahani.

"Upate nguvu za kutupikia," walisema.

Alikuwa nazo. Alizibeba sahani zote kwa safari moja.